Kitivo cha Kaskazi, Kitivo cha Kusi

Mhadhara wa wazi kwa wanafunzi wa Kiswahili na Jiografia



Mwaka jana mwanafunzi mmoja wa mwaka wa pili aliniuliza swali, nami nikalijibu vibaya. "Mwalimu," alisema, "wenzetu wana riwaya za vyuo vya uchawi, watoto wanafundishwa kuruka na ufagio. Sisi tungekuwa na chuo kama hicho, kingefundisha nini?" Nikamwambia kingefundisha namna ya kupata mkopo wa masomo kabla muhula haujaisha. Darasa likacheka, muda ukaisha, tukatawanyika. Swali halikutawanyika. Leo nimekuja kulipa deni.

Kingefundisha upepo.

Mnivumilie nikijenge hapa mbele yenu, maana kujenga kwa maneno hakuhitaji zabuni. Nakiweka Tumbatu, kile kisiwa kilicholala mkabala wa Mkokotoni, kaskazini-magharibi ya Unguja. Huko Makutani yapo magofu ya mji uliostawi baina ya karne ya 12 na ya 14, msikiti wake ukiwamo. Na Yaqut, mwanajiografia aliyefariki mwaka 1229, alikuwa keshakitaja kisiwa hicho. Majengo basi yapo. Hayana paa, lakini chuo cha upepo kina haja gani ya paa? Tena Watumbatu wanasifika pwani nzima kwa mambo mawili ambayo watu huyataja pamoja: ubaharia na uganga. Ukitaja nahodha wa Tumbatu, watu hutikisa kichwa kwa heshima. Ukitaja mganga wa Tumbatu hutikisa kichwa vilevile, ila macho wanayainamisha.

Nakiita Chuo Kikuu cha Upepo, na jina hilo lina siri. Kabla neno chuo halijawa jengo lenye mhasibu na mlinzi wa getini, lilikuwa na maana ya kitabu. Vyuo ni vitabu, mwanachuoni ni mtu wa kitabu. Kwa Kiswahili cha wazee, basi, Chuo Kikuu cha Upepo ni kitabu kikubwa cha upepo, na kazi ya kwanza ya mwanafunzi wake ni kukisoma, si kukiandika upya. Shikeni hilo. Ndilo ninalotaka kulisema jioni hii, mengine yote ni mifano.

Mtihani wa kuingia ungekuwa mfupi. Mwombaji angeulizwa: kaskazini ni wapi? Akishaonyesha kwa kidole angeulizwa: umejuaje jina lake? Wengi hapa wangeanguka. Mashariki na magharibi tumezipata kwa jua, linakochomoza na linakotua, na maneno yenyewe ni ya Kiarabu. Lakini kaskazini na kusini tumezipata kwa upepo. Kaskazini ni inakotoka kaskazi. Kusini ni inakotoka kusi. Fikirini maana yake. Mtoto wa Tabora, wa Bukavu, wa Kigoma, ambaye hajawahi kuiona bahari wala hatazamii kuiona, akichora ramani ya kijiji chake shuleni anaipanga kwa pepo mbili za Bahari ya Hindi. Dira ya mabaharia imesafiri ndani ya lugha hadi kwenye misitu na maziwa, na aliyeipokea hakuambiwa kwamba alichopewa ni dira ya chomboni.

Ndiyo sababu chuo changu kina vitivo viwili tu, cha Kaskazi na cha Kusi. Kaskazi huanza kuvuma kati ya Novemba na Desemba, ikaenda hadi Machi. Asia inapoingia baridi, hewa iliyo juu ya bara lile kubwa huwa nzito, ikashuka na kumiminika kuelekea huku kwetu kunakochemka. Ndiyo iliyoleta majahazi kutoka Arabuni, Ghuba na Bara Hindi. Kuanzia Aprili mambo hugeuka: Asia inawaka moto, hewa yake inapaa, na kusi inapanda kutoka upande wetu kwenda kujaza nafasi. Lakini haiendi moja kwa moja, kwa kuwa dunia inazunguka chini yake. Kusini ya Ikweta upepo huvutwa mkono wake wa kushoto, na ukishaivuka Ikweta huvutwa mkono wa kulia. Kwa hiyo kusi ileile inayotupiga sisi kutoka kusini-mashariki, ikifika upande wa Somalia huwa imeshapinda, ikaelekea India na mvua zake. Mnamo mwaka 1969 mtaalamu wa hali ya hewa aitwaye Findlater alichapisha maelezo ya mkondo huo: mto wa hewa unaopita juu ya Kenya na Somalia, kimo cha mita 1,500 hivi, ambao kasi yake huweza kupita kilomita 90 kwa saa. Leo wataalamu huuita kwa jina lake. Mvua inayomlisha mkulima wa Kerala hupita kwanza juu ya vichwa vyetu, na hatujawahi kumdai nauli.

Baina ya vitivo hivyo viwili upo ukumbi mwembamba, na majina yake ni matamu: tanga mbili, maleleji. Ni majuma ambayo kaskazi imechoka na kusi haijaamka, au kusi imechoka na kaskazi haijaamka. Nitarudi huko, maana ndiko kwenye chumba cha mitihani.

Zipo pia pepo ndogo za kila siku. Ngalawa hutoka alfajiri na umande, upepo wa nchi kavu ulio baridi, na mchana wavuvi hurudishwa na upepo wa baharini. Kuna matlai itokayo mashariki. Hizi ndizo masomo ya mwaka wa kwanza, na mvuvi wa miaka kumi na miwili amekwisha kuyafaulu.

Somo gumu zaidi lingekuwa kalenda. Tuna mwaka wa Kiislamu unaofuata mwezi, mfupi kwa siku 11 hivi kuliko mwaka wa jua. Kwa ibada unatosha, kwa tanga hautoshi. Ramadhani iliyoangukia kaskazi, baada ya miaka kumi na sita hivi itaangukia kusi. Nahodha akiweka safari kwa mwezi wa mfungo atazama. Wazee wa pwani walilitatua jambo hilo bila kuitisha semina. Walichukua mwaka wa Nairuzi, uliotoka Uajemi, wenye siku 365, wakauhesabu kwa miongo: kumi la kwanza, kumi la pili, hadi miongo 36 na siku tano za nyongeza. Baharia hakusema tutaondoka mwezi fulani. Alisema tutaondoka mwongo fulani. Ahmad ibn Majid, yule bingwa wa Julfar aliyeandika kitabu chake kikubwa cha elimu ya bahari mwishoni mwa karne ya 15, naye alihesabu majira ya kusafiri kwa siku za Nairuzi. Mwaka Kogwa wa Makunduchi, ambao wengi wenu mnaujua kwa picha za watu wakipigana kwa migomba, ndiyo siku ya kwanza ya kalenda hiyo. Kwa kuwa haina siku ya ziada ya mwaka mrefu, husogea siku moja kila miaka minne. Wazee walijua hilo pia, wakazisogeza hesabu zao.

Sasa niwaletee mwanafunzi aliyefeli, na nimemchagua mashuhuri makusudi. Vasco da Gama aliondoka Malindi tarehe 24 Aprili 1498. Tarehe 20 Mei alikuwa ametia nanga karibu na Calicut. Chini ya mwezi mmoja, na bahari ile hakuwa amewahi kuivuka. Sanamu na minara aliyojengewa haisemi kwamba kusi ndiyo kwanza ilikuwa inaamka, wala kwamba mtawala wa Malindi alimpa rubani. Kwa muda mrefu tulifundishwa kuwa rubani huyo ni Ibn Majid. Wanahistoria wengi leo hawakubali. Barros, mwandishi wa Kireno, alimtaja kama Mwislamu wa Gujarat aitwaye Malemo Cana. Lisikilizeni hilo Malemo. Ni mu'allim, na katika vyombo vya Bahari ya Hindi ndicho kilichokuwa cheo cha mwongoza njia, anayejua nyota na pepo. Ni neno lilelile mnaloniita mimi. Mwalimu alisimama chomboni kabla hajasimama mbele ya ubao, na mshahara wake ulitegemea wanafunzi kufika hai.

Wakati wa kurudi, da Gama aliondoka pwani ya India tarehe 5 Oktoba, bila kusubiri. Kaskazi ilikuwa haijafika. Kila nahodha kuanzia Gujarat hadi Kilwa alijua kuwa safari hiyo ni ya Novemba kwenda mbele. Bahari ikawa shwari kwa siku nyingi, na upepo ulipokuja ulikuja usoni. Safari ya kwenda ya majuma machache ikawa ya karibu miezi mitatu ya kurudi. Waliiona pwani ya Mogadishu tarehe 2 Januari 1499. Watu wapatao 30 walikufa njiani kwa ugonjwa wa fizi, na katika kila meli wakabaki mabaharia saba au wanane wenye nguvu ya kufanya kazi. Baadaye ikabidi meli moja ichomwe moto, kwa kuwa watu wa kuiendesha hawakutosha. Majuma manne tu ya subira yangetosha.

Nisije nikaonekana namcheka Mreno peke yake. Nilipokuwa kijana nilisimama pwani ya Mkokotoni asubuhi moja, nina haraka ya arusi, na nahodha mzee amekaa juu ya gogo anatafuna tambuu. Upepo unavuma. Nikamwambia, "Babu, upepo si huu?" Akanijibu, "Upo, mwanangu. Lakini si wetu." Nikakasirika kimyakimya, kama wafanyavyo vijana waliosoma. Mashua nyingine ikatweka tanga, ikatupita, waliomo wakatupungia mkono. Saa moja baadaye ilirudi na tanga lililochanika, watu wamelowa hadi utosini, na sahani za pilau za jirani yangu zimekwenda na maji. Adhuhuri mzee akatema tambuu, akasimama, akasema, "Haya." Tukavuka kama tuliobebwa. Arusi niliikosa. Somo nililipata, ingawa miaka kadhaa nililiita ukaidi wa wazee.

Mtaniuliza: uchawi uko wapi? Ulituahidi chuo cha uchawi, umetuletea tarehe.

Uchawi umo ndani ya neno. Upepo wingi wake ni pepo. Na pepo ni yule apandaye kichwani mwa mtu. Na pepo ni mahali pema tunapowaombea marehemu wetu, kinyume cha moto. Kwenye shina hilohilo kuna kupepea, kupepeta, kupeperuka, kupepesuka, na kipepeo, ambacho ni mdudu wa maua na pia ni kidude cha kuchochea mkaa. Ukitoka nje jioni unapunga upepo. Mgonjwa akipelekwa kilingeni anapungwa pepo. Kitenzi ni kimoja. Lugha yetu haikutenganisha kinachovimbisha tanga na kinachotikisa mwili, kwa sababu vyote viwili havionekani ila kwa kazi vinayoifanya.

Tena tazameni majina ya pepo hao Unguja: kuna ruhani wanaosemekana ni Waarabu, kuna habeshia, kuna kibuki waliotoka Bukini, yaani Madagaska, na Komoro wakiwa na lugha yao na vinywaji vyao. Panga makwao kwenye ramani utapata njia za majahazi. Walifika kwa kaskazi na kusi kama bizari na tende. Idara ya Uganga katika chuo changu ingekuwa pia Idara ya Historia ya Biashara, na mkuu wake angekuwa bibi mmoja mwenye ngoma.

Lakini idara hiyo isingeruhusiwa kufanya jambo moja: kuugeuza upepo. Mabaharia wa Ulaya ya kaskazini waliamini kuwa upepo unaweza kununuliwa; Olaus Magnus, mwaka 1555, aliandika juu ya wachawi waliowauzia mabaharia kamba yenye mafundo matatu, ukifungua moja upepo mwanana, la pili upepo mkali, la tatu dhoruba. Naipenda hadithi hiyo, ila nahisi ilitungwa na mtu aliyechoka kusubiri. Kwetu waliojua visa vya Mitume walijua kuwa upepo ulitiishwa kwa Nabii Suleiman, na kwamba jambo hilo lilikuwa lake. Hata Ursula Le Guin, Mmarekani aliyetunga chuo cha wachawi katika kisiwa cha Roke kwenye riwaya yake ya mwaka 1968, alimweka hapo mwalimu maalumu wa pepo, kisha akampa kanuni ngumu: ukiuvuta upepo huku, kuna mahali unapungua. Mwanafunzi wa Roke anajifunza mbinu za kuita upepo, halafu anatumia umri wake wote kujifunza kutouita. Mama yule angepata ajira Tumbatu bila usaili.

Sasa chumba cha mitihani. Kuna watu waliotufundisha kuwa vimbunga si vyetu, na walikuwa na hoja. Kimbunga huzungushwa na mzunguko wa dunia, na karibu na Ikweta, ndani ya nyuzi tano hivi, nguvu hiyo ni dhaifu mno. Unguja iko nyuzi sita kusini. Basi tuko kizingitini, hatuko chumbani, na vingi huishia kupinda kuelekea Madagaska na Msumbiji. Lakini Aprili 1872 kimbunga kiliivamia Unguja, kikazivunja meli za Sultani Barghash na kuing'oa mikarafuu kisiwani. Pemba ilinusurika kwa sehemu kubwa, na tangu hapo karafuu ikawa ya Pemba. Aprili 1952, Lindi. Aprili 2019, Kenneth kilipiga Cabo Delgado, jirani tu na mpaka wetu. Mei 2024, Hidaya kikatua Mafia. Yatazameni hayo majina ya miezi. Yote yameangukia pale kaskazi inapokufa na kusi inapozaliwa. Mzee asiyejua neno la sayansi hata moja, aliyesema tanga mbili si wakati wa kwenda mbali, alikuwa na jibu sahihi bila hesabu zake. Mamlaka ya Hali ya Hewa leo ina setilaiti na hutoa tahadhari mapema, na hilo ni jambo la kushukuru. Tahadhari ya redio na neno la mzee havigombani. Kinachogombana navyo ni haraka ya arusi.

Na bara je? Upepo si wa pwani peke yake. Kaskazini mwa Kenya, kati ya milima ya Ethiopia na nyanda za juu za Afrika Mashariki, kuna njia nyembamba inayoubana upepo kama mdomo unavyoubana mluzi. Mwaka 1982 Kinuthia na Asnani waliueleza mkondo huo wa Turkana kwenye jarida la kisayansi. Leo karibu na Loiyangalani, Marsabit, imesimama mitambo 365 ya kuzalisha umeme, jumla ya megawati 310. Mitambo 365! Mmoja kwa kila siku ya mwaka wa Nairuzi, na sidhani kama mhandisi yeyote alikusudia. Mitambo ilikuwa tayari mwaka 2017, lakini waya wa kuubeba umeme, zaidi ya kilomita 400, ulikamilika mwaka 2018. Mwaka mzima upepo ulivuma, mabawa yapo, na taa haikuwaka hata moja. Safari hii wanadamu ndio waliochelewa msimu. Kisha mwaka 2021 mahakama ya Meru ikasema hati za ardhi ile zilitolewa kinyume cha sheria. Upepo hauna mwenyewe, lakini mahali unapopita pana wafugaji, na chuo changu kingewaita kwanza, kabla ya kumwita mkandarasi.

Sina digrii za kugawa. Kama ningekuwa nazo, ningempa yule mzee wa Mkokotoni, ambaye hayupo tena. Wenzake wachache wapo, na mashine za boti zimewaondolea wanafunzi. Kijana mwenye mashine haulizi upepo ni wa nani. Anauliza bei ya petroli.

Kwa hiyo nina ombi moja, na ni la kazi ya nyumbani. Likizo hii kila mmoja wenu amtafute nahodha au mvuvi mzee, Tumbatu, Lamu, Kilwa Kisiwani, Pemba, au hata Ukerewe na Ujiji, kwa kuwa maziwa nayo yana pepo zake. Amuulize majina ya pepo anazozijua, kila mmoja unavuma mwezi gani, unatoka wapi, na nani hapaswi kusafiri nao. Ayaandike kama alivyoyasikia, asisahihishe. Kisha afungue kamusi. Yale yasiyomo aniletee. Nipo ofisini kila Jumatatu, saa nne hadi saa sita, na dirisha langu linaelekea matlai.